Kibali cha Mtu Mmoja

Hapo zamani, na wewe uliyesimama mlangoni ingia au toka, siwezi kusimulia huku natazama kisogo cha mtu. Hapo zamani palikuwa na jimbo lililojaa mkonge. Mkonge mbele, mkonge nyuma, ukigeuka mkonge. Na katika jimbo hilo palikuwa na mji mdogo ukiitwa Kwamshuza, na watu wa mji huo walisifika kwa jambo moja tu: kuzika. Msicheke. Walikuwa na chama cha kuzikana walichoachiwa na babu zao, na sharti lake lilikuwa fupi. Akifa jirani yako, acha ulichoshika uende. Usipokwenda, siku yako ikifika na wewe watu hawaji. Niliwahi kumwona mtu aliyesusiwa. Wanawe wawili walimpeleka makaburini kwa mkokoteni, mmoja anavuta, mwingine anazuia maiti isidondoke. Ukishaona hivyo mara moja, kila ukisikia kilio unaacha sahani.

Jimbo hilo lilikuwa na desturi yake nyingine. Kila baada ya miaka sita wananchi walimchagua Mwanasheria Mkuu wao wenyewe. Hakuteuliwa na mkubwa yeyote, alichaguliwa. Wala hawakutumia karatasi, maana karatasi ziliwahi kuibwa mpaka watu wakachoka. Walipiga kura kwa mlolongo. Wagombea, au picha zao, zinasimamishwa mbele uwanjani. Watu wanapanga mstari nyuma ya wanayemtaka. Na saa sita kamili mchana, jimbo zima kwa wakati mmoja, msimamizi anaanza kuhesabu vichwa. Aliyemo mstarini amehesabiwa. Asiyekuwamo hayumo, hata kama amekwenda kunywa maji.

Mtaniuliza, huyo Mwanasheria Mkuu ana kazi gani mpaka watu waungue jua kwa ajili yake? Kazi alikuwa nazo nyingi, lakini Kwamshuza walimtaka kwa moja. Katika jimbo lile, kesi ikifungwa imefungwa. Mtu mmoja tu ndiye aliyekuwa na mamlaka ya kulitoa faili kabatini na kulirudisha mbele ya jaji, naye ni yeye. Na Kwamshuza walikuwa na faili lao.

Lilikuwa faili la Mhina, mwana wa Bi Sikudhani. Miaka tisa nyuma, korona iliungua, kile kiwanda cha kusaga majani ya mkonge kutoa nyuzi, na mlinzi mzee akafia ndani. Mhina alikutwa nje, mikono imeungua mpaka viwikoni. Serikali ikasema, huyu ndiye aliyetia moto. Mhina akasema, "Niliingia kumtoa mzee wa watu, nikashindwa." Bi Zaina muuza uji alimwona kwa macho yake akiingia wakati moto ulishapanda paani. Alikwenda polisi, akaeleza, akaweka dole gumba. Mahakamani hakuitwa. Aliyeendesha mashtaka alikuwa Wakili Chamshama, na kwa kesi hiyo akapata jina, na kwa jina hilo akachaguliwa kuwa Mwanasheria Mkuu. Mhina akapata kifungo cha maisha.

Basi mama yake akawa wa kungoja barua. Kusoma hajui. Barua ikija, anaifunga kwenye pindo la khanga, anakwenda kwa Mwalimu Kisaka, anasomewa mara mbili, anarudi nayo nyumbani. Miaka tisa.

Uchaguzi ulipokaribia akatokea Wakili Semboja, mzaliwa wa hapo hapo Kwamshuza. Akapita jimbo zima akisema, "Faili la kwanza nitakalolifungua ni la Mhina." Na Chamshama naye akapita jimbo zima akisema, "Yaliyofungwa yamefungwa." Hapo hata mtoto angejua asimame wapi. Mji ukajiandaa. Wagonjwa wakanyweshwa dawa mapema ili wawe na nguvu ya kusimama.

Alfajiri ya siku ya kura, Bi Sikudhani akafariki.

Alikuwa mgonjwa siku nyingi, mapafu. Alikuwa ndani na binti yake tu, Mwantumu, mdogo wake Mhina. Mwantumu akamfumba macho, akamfunga kidevu kwa kitambaa, akamlaza kama inavyopasa. Kisha akakaa chini akawaza. Nikipiga kelele sasa hivi, mji mzima utajaa hapa. Nani atabaki uwanjani? Kaka yangu atatolewa na nani? Akainuka. Akawasha jiko la mkaa nje ya mlango ili majirani waone moshi, akafunga mlango, akaenda uwanjani. Alifika wa kwanza, akasimama wa kwanza, nyuma ya Wakili Semboja mwenyewe, aliyekuja kupiga kura kwao.

Watu wakawa wanafika, wanamsabahi. "Mwantumu, mama ameamkaje?"

"Leo hana maumivu," akasema, akatazama mbele.

Saa tatu, Bi Zaina akapita na kibakuli cha uji kama alivyofanya kila siku, kabla ya kwenda mstarini. Jiko limewaka halina sufuria. Akagonga, kimya. Akaona komeo limetiwa kwa nje, akalitoa, akasukuma. Na alichokikuta ndani mnakijua. Huyo marehemu alikuwa shoga yake wa miaka arobaini, na waliahidiana: "Atakayetangulia, mwenzake ahakikishe amezikwa kabla jua halijapinduka. Asiachwe peke yake ndani." Sasa amemkuta peke yake, mlango umefungwa kwa nje. Bi Zaina akaangusha kibakuli, akapiga ukelele uliofika mpaka uwanjani.

Pale mstarini watu wakageuka wote kwa pamoja, wakajua ni nyumbani kwa Bi Sikudhani. Mnajua Kwamshuza na kilio. Lakini wazee wakasema, "Tulieni, jamani. Tuhesabiwe kwanza, kisha tutakwenda wote." Wakatulia. Saa nne wakatulia. Saa tano wakatulia, jasho linawatiririka, kila mtu anakwepa macho ya Mwantumu. Kule nyumbani wanawake wachache wakamwosha marehemu, wakamvika sanda, sheikh akamsalia na watu wasiojaa safu moja. Saa tano na nusu jeneza likatoka.

Na njia ya makaburini ilipita kando ya uwanja. Laiti ingekuwa nyingine!

Likatokea jeneza. Limebebwa na wazee wanne, wale ambao hata mstarini hawakuweza kusimama. Nyuma yao sheikh, nyuma ya sheikh hakuna mtu. Bi Sikudhani, aliyezika nusu ya mji ule, aliyesonga ugali wa kila msiba, anakwenda na watu watano. Walipofika usawa wa goli, mzee mmoja goti likamkataa. Jeneza likainama upande. Uwanja mzima ukavuta pumzi.

Wakili Semboja akavua koti.

Mwantumu akamdaka mkono. "Usitoke, Wakili."

"Mwantumu, niache."

"Nakuomba usitoke. Aliyemo mle ni mama yangu, na mimi ndiye ninayekuambia usitoke. Ukitoka wewe watatoka wote."

"Nitakaaje hapa nikitazama vile?"

"Kaa kama ninavyokaa mimi."

Semboja akamtazama. Kisha akauvuta mkono wake, akampa wakala wake picha yake aishike mahali pake, akavuka uwanja akatia bega chini ya jeneza. Na alipotia bega, mstari ukakatika. Mmoja, wawili, kumi. Wanaume wakalikimbilia jeneza, wanawake wakaelekea nyumba ya msiba huku wanalia. Waliotoka walikuwa mia mbili na kumi na sita. Mstari wa Chamshama haukutikisika. Wengi wao walikuwa wageni wa kambi ya mashamba, chama cha kuzikana hawakijui. Na wachache waliokijua waliinamisha vichwa. Mwantumu akabaki. Mama yake anapitishwa hatua ishirini kutoka aliposimama, naye amebaki, amekunja mikono kifuani, meno yamesagana.

Wakazika mbio mbio. Udongo ulikuwa haujasawazishwa vizuri king'ora cha korona mpya kilipolia saa sita. Watu wakatupa majembe, wakakimbia. Mtu na udongo wake mikononi, mtu na kanzu ameinyanyua magotini, wanakimbia kuelekea uwanjani.

Msimamizi wa uwanja ule alikuwa nani? Mwalimu Kisaka. Yule yule aliyemsomea Bi Sikudhani barua. Saa sita kamili alianza kuhesabu mstari wa Semboja: thelathini na tisa. Alihesabu polepole, machozi yanamdondokea kwenye karatasi. Akamaliza, akaandika, akaenda mstari wa Chamshama. Alipokuwa katikati yake, watu wakaingia uwanjani wanahema, wakajipanga upya nyuma ya Mwantumu, wakamwita, "Mwalimu! Tupo! Mwalimu, tutazame!" Dakika nane zilikuwa zimepita. Mwalimu akawapa mgongo akaendelea kuhesabu.

Jioni matokeo ya jimbo yakatoka. Chamshama alimshinda Semboja kwa kura mia moja thelathini na tatu.

Sasa tulieni, maana hayo yote ni utangulizi.

Siku ya arobaini, dua ilisomwa nyumbani kwa marehemu. Watu wachache walikuja. Mwantumu mji ulikuwa haumsalimii. Mtoto gani, walisema, anamfungia mama yake mlango kama mbuzi? Watu walipokuwa wananawa mikono, ikaletwa barua kutoka gerezani. Juu yake imeandikwa jina la Bi Sikudhani. Mwantumu akaishika, akaizungusha, akampa Mwalimu Kisaka, kwa sababu ndivyo barua za nyumba ile zilivyosomwa siku zote. Mwalimu akavaa miwani, akasoma:

"Mama yangu mpenzi, shikamoo. Mimi sijambo, mikono tu ndiyo inanisumbua wakati wa baridi. Matokeo tumeyasikia kwenye redio ya askari. Mama, wanasema uwanja wa kwetu nyuma ya Wakili Semboja walisimama watu thelathini na tisa. Nimewaambia wenzangu redio imekosea. Hapana Kwamshuza ya watu thelathini na tisa. Kama ni kweli, naomba nielezwe watu walikuwa wapi siku ile, maana nalala nawaza nimemkosea nani. Wewe usilie. Miaka sita mingine nitaiweza, ila na wewe jikaze, usije ukatangulia. Nimekuombea kibali cha kuja kuniona. Kama kifua hakikuruhusu, mtume mtu. Ni cha mtu mmoja tu."

Mwalimu akavua miwani. Ndani ya bahasha mlikuwa na kibali chenyewe, kimegongwa muhuri, mahali pa jina peupe.

Halafu mzee mmoja akasema lile lililokuwa kooni kwa kila mtu: "Aliyefanya Mhina abaki kule, ndiye aende akamwambie. Ampe habari zote mbili, ya mama yake na ya kura."

Hapo ndipo moto ulipowaka.

Bi Zaina akaanza. "Msinitazame mimi. Mimi ni shahidi wake. Dole gumba langu limo kwenye lile faili, miaka tisa nangoja kuitwa. Mnadhani sikutaka lifunguliwe? Lakini nimemkuta shoga yangu amelala peke yake, nzi wameanza kumtua usoni. Ninyamaze? Ninywe uji niende mstarini? Aende Mwantumu. Angesema alfajiri, saa nne tungekuwa tumeshazika, saa tano tungekuwa tumesimama sote, na Mhina leo angekuwa amekaa pale." Akaonyesha mkeka uliokuwa mtupu.

Mwantumu akacheka, kile kicheko cha mtu asiye na machozi tena. "Ningejuaje, Bi Zaina? Tangu lini Kwamshuza wakazika wakamaliza saa nne? Msiba wenu mimi siujui? Watu wanakaa mpaka jua linazama. Mama aliniambia kabla hajakata roho, 'Mwantumu, nisiwe mimi wa kumzuia mwanangu kutoka.' Hayupo aliyesikia ila mimi, basi semeni nimetunga. Lakini nilisimama. Mama yangu alipita nikasimama. Ninyi mlimfuata aliyekwisha kufa mkamwacha aliye hai, halafu mnaninunia mimi! Aende Wakili. Nilimshika mkono mbele yenu wote."

Wakili Semboja alikuwa amekonda. "Kile kiti nilikitaka kwa jambo moja," akasema. "Nisimame na mtu aliyeachwa peke yake. Sasa yupo mbele yangu, ameachwa peke yake, jeneza linamwangukia mzee. Nimtazame tu? Kwa ajili ya kura? Ningekuwa na tofauti gani na Chamshama? Na sikumwambia mtu anifuate."

"Wala hukutuambia tubaki," mtu akamjibu kutoka nyuma.

Semboja akasema kwa sauti ndogo, "Tulirudi. Mtatusingizia yote lakini tulirudi mbio. Dakika nane. Aende Mwalimu."

Mwalimu Kisaka alikuwa bado ameishika barua. "Mhina nilimfundisha mimi kuandika," akasema. "Hii herufi ya M anavyoikunja, ni mimi. Sheria ilisema saa sita kamili. Mmesahau karatasi ziliibwa vipi? Ilianza na msimamizi mmoja mwema aliyeongeza dakika kwa ajili ya watu wema. Mwaka uliofuata wabaya nao wakaziomba. Nisingeweza."

"Sheria ilisema uanze kuhesabu mstari gani?" Mwantumu akauliza.

Mwalimu akaitazama barua.

"Ule wa Chamshama ulikuwa mrefu. Ungeanza nao, ungemaliza tumeshasimama sote. Sheria ilikukataza?"

"Nilianza kulia," akasema Mwalimu. "Wa kwenu ulikuwa kulia. Siku zote naanza kulia." Na yule mzee mtu mzima akajifunika uso kwa barua ya mwanafunzi wake, akalia kwa sauti.

Wakatawanyika bila kuagana. Kibali wakamwachia katibu wa chama cha kuzikana, wakamwambia: wewe ndiye mwenye kalamu, jaza jina. Kibali ni cha miezi mitatu, na gereza lile wageni wanaingia Alhamisi ya kwanza ya mwezi tu. Alhamisi ya kwanza ikapita, katibu hakujaza. Ya mwezi uliofuata nayo ikapita. Askari mmoja wa huko alipita Kwamshuza akasema Mhina siku hizo mbili alinyoa ndevu, akavaa shati safi, akakaa kwenye benchi la wageni tangu asubuhi mpaka lango likafungwa. Akiulizwa anasema, "Mama kifua chake kibovu, anatembea polepole."

Nilisema hapo zamani. Niliwadanganya. Nilisema zamani ili na mimi nipate pumzi ya kusimulia. Ni mwaka huu huu, na katibu ni mimi.

Na hamjanisikia yote. Mstari ulipokatika, watu hawakumfuata Semboja tu. Nilikuwa mstarini, mtu wa tano nyuma ya Mwantumu. Semboja alipotoka, wengine walisita, wakanigeukia mimi, maana mimi ndiye ninayeweka alama ya nani amekuja msibani na nani hakuja, nani atazikwa na nani atasusiwa. Walikuwa wananiuliza kwa macho. Ningetikisa kichwa tu wangebaki. Mimi nikaingiza mkono mfukoni nikatoa daftari la mahudhurio. Sikusema kitu. Nikalifungua tu, nikachomoa kalamu, nikalifuata jeneza. Mazoea, jamani! Miaka ishirini na mbili nikiona jeneza mkono unakwenda mfukoni wenyewe. Arobaini ile nilikaa pembeni, nikawasikiliza wanne wale wakirushiana lawama, na hakuna aliyelitaja daftari langu, nami nikanyamaza.

Basi nimemaliza, na mzigo ninautua hapa miguuni penu. Kibali hiki hapa, kiguseni, muhuri wake bado unaonekana. Kesho ni Alhamisi ya tatu, na ndiyo ya mwisho. Basi la kwenda huko linaondoka saa kumi na mbili asubuhi. Yupo Mwantumu aliyenyamaza, yupo Bi Zaina aliyepiga ukelele, yupo Wakili aliyetoka, yupo Mwalimu aliyeanza kulia, na nipo mimi mwenye daftari. Kule yupo mtu atakayenyoa ndevu kesho asubuhi. Kalamu ninayo mkononi, na nafasi ni ya jina moja.

Je, niandike la nani?